Tupeane uzoefu: mliokulia au mnaoishi kota na magorofa ya serikali Dodoma

Wakuu, mimi ni mtoto wa gorofa. Mzee alihamishiwa huku miaka ya 80, enzi hizo makao makuu yalikuwa "yanahamia" tangu 1973 na hayafiki. Jumamosi ngazi zilioshwa kwa zamu, orodha ilibandikwa mlangoni kwa mama wa chini. Ukikojoa kona unachapwa na mama yeyote, kisha unapelekwa kwenu kuongezewa. Juzi nimepita: taa za ngazi zimeng'olewa na holda zake, vyuma vya kushikia vimekatwa (nahisi viko kwa wanunua skrepa), chemba inafurika hadi tulipokuwa tunacheza kombolela. Kwenu vipi?

Mtoto wa Reli: Kota za reli ni yale yale. Baba alikuwa fundi karakana. Treni zilipopungua, na rangi ikakoma. Wazee wakastaafu, wakabaki humo wakisubiri mafao, kila mmoja akasimamisha kibanda cha kupangisha uani. Mwarobaini wetu ulikatwa kupisha kibanda cha chipsi.

Mhamiaji 2017: Mtoa mada, usitusingizie tuliokuja na wizara. Nilikuta chemba imeshaziba. Tumeandika barua tatu, jibu ni lile lile, fungu halijatoka. Tukasema tuchange elfu tano tano. Nyumba nne zikagoma: "Mimi nakatwa kodi ya nyumba kwenye mshahara, chemba si yangu." Nilikasirika, ila ukweli hawakukosea. Tukichanga leo, kesho nani atakumbuka kwamba ni kazi ya mwenye nyumba?

Mtoa mada: Sijamsingizia mtu mkuu. Ila enzi zile nako fungu lilikuwa halitoki, na ngazi zilioshwa.

Mhamiaji 2017: Zilioshwa na mama zenu. Siku hizi wapo kazini.

Mwalimu Mstaafu: Mimi nipo ghorofa ya tatu. Siku za mgawo maji hayapandi. Wale vijana wa chini ya ngazi, wavuta bangi mnaowaita wahuni, ndio wananipandishia, mia tano kwa ndoo. Wiki iliyopita mmoja alikataa hela, kumbe nilimfundisha darasa la pili. Lakini kufuli la mlango wa tangi nalo liliibwa, na nadhani najua ni nani.

Mtoa mada: Shikamoo mwalimu. Yule mama wa chini bado yupo?

Mwalimu Mstaafu: Marahaba. Yupo. Jumamosi anaosha, anaishia ngazi ya sita. Magoti.