Naigiza, lakini nataka kuandika skripti kama Agnès Jaoui. Nianzie wapi?

BintiWaJukwaa: Habari za jioni wanajamvi. Mimi ni mwigizaji, na kila nikiitwa napewa nafasi ya mke anayelia sebuleni. Nimechoka, nataka kuandika. Anayenipa moyo ni yule Mfaransa, Agnès Jaoui: anaigiza, anaandika, anaongoza. Nimeona filamu yake Le Goût des autres ya mwaka 2000. Watu wanaongea tu, lakini sikutaka iishe. Alianzaje? Na je, niache kuigiza kwanza?

MzeeWaSinema: Usiache, binti yangu. Jaoui hakuacha. Mwaka 1987 alikuwa jukwaani kwenye mchezo wa Harold Pinter, ndipo akakutana na mwigizaji mwenzake Jean-Pierre Bacri. Wakaanza kuandika pamoja, wakijiandikia na nafasi zao wenyewe.

Mchezo wao Cuisine et dépendances wote uko jikoni. Karamu iko sebuleni, mgeni maarufu yuko huko huko, ila mtazamaji hamwoni; anaona wanaokimbilia jikoni kusengenya na kugombana. Un air de famille ni familia moja, mgahawa mmoja, jioni moja. Ni siku ya kuzaliwa ya mkamwana, na mbwa aliyepooza amelala pale pale. Yote miwili ilianzia jukwaani, ikawa filamu mwaka 1993 na 1996. Nawe anza hivyo: chumba kimoja, usiku mmoja. Hata mtayarishaji asiye na hela ataweza kuipiga.

KalamuNzito: Naongezea jambo la karatasi, dada. Mtazame Julie Delpy, mwigizaji mwingine Mfaransa. Kwenye filamu ya Before Sunrise ya 1995, yeye na mwigizaji mwenzake Ethan Hawke walichangia maneno mengi, lakini majina yao hayamo kwenye orodha ya waandishi. Before Sunset ya 2004 jina lake limo, na likafika kwenye uteuzi wa Oscar. Ukichangia skripti, kubalianeni kwa maandishi kabla kamera haijawashwa.

BintiWaJukwaa: Asanteni sana. Nina rafiki ningependa kuandika naye, ila mbishi mno, kila sentensi anaipinga.

MzeeWaSinema: Huyo huyo! Jaoui na Bacri walipata César, tuzo za filamu za Ufaransa, nne za uandishi, kuanzia 1994 hadi 2001, zote wakiwa pamoja. Sentensi isiyomridhisha mbishi huenda hata mtazamaji ataisikia ni ya uongo. Kaeni, chagueni chumba chenu, kisha tuletee kurasa za mwanzo hapa tuzisome.