Mashine ya kufukua yaliyopita: ifukue kwa njia gani?

mjukuu_wa_bombo
Habari zenu jamani. Naandika hadithi na imenikwamia. Kuna fundi redio pale Bombo, Uganda, anatengeneza kimashine cha kufukua yaliyopita, siyo cha kusafiria urudi nyuma hapana, yaani unakaa tu ulipo unakielekeza kwenye baraza ya nyumba ya zamani na kinakuonyesha siku moja ya 1946, babu ndo anarudi kutoka Burma na KAR, lile jeshi la Waingereza la askari wa Afrika Mashariki, anafika barazani anamwambia bibi neno moja, na bibi akakataa kutuambia hilo neno mpaka tukamzika. (Sawa, babu wa hadithi siyo wa kubuni sana.) Sasa nimejaza kurasa 12, mashine inaona kila kitu kila mahali, na hadithi imepoa kama chai ya jana. Nimekosea wapi? Na itumie nini, mwanga ama sauti?

sayansi_ya_kona
Mwanga achana nao. Ule uliomgusa babu yako na kupanda juu ulitoroka siku hiyohiyo, unaenda kilomita laki tatu kwa sekunde, utaukimbiza na nini, boda? Zamani tunaiona kila siku, jua unaloliona ni la dakika 8 zilizopita, lakini hiyo ni zamani ya kule, siyo ya kwetu. Wa kuiona baraza ya Bombo ya 1946 ni mtu aliyekaa karibu miaka 80 ya mwanga kutoka hapa, tena awe na darubini ambayo sijui ataiunda na nini. Halafu kuna hili waandishi wanalisahau kila mara, "palepale" haipo. Dunia inazunguka jua kama kilomita 30 kwa sekunde, kwa siku moja tu tumeshahama zaidi ya milioni mbili na nusu. Ukifukua "palepale" pa 1946 unakuta giza tupu, wala hamna baraza.

mama_kibanja
Banange hiyo mashine msiilete huku kwetu!! Mwenyekiti wa LC1, baraza letu la kijiji, atalala saa ngapi? Kila mtu atataka kuona nani aling'oa oluwaanyi, ule mmea wa alama ya mpaka, usiku akausogeza mpaka wa kibanja, na wale wazee wanaotoa ushahidi kwa bei ya sukari kilo mbili watakula wapi. Halafu wewe mjukuu, bibi amekufa na neno lake. Nani kakupa ruhusa?

mwalimu_wa_jioni
Mashine kama hiyo ilishatangazwa zamani jamani. 1972 gazeti la Italia lilimwandika padri Pellegrino Ernetti, Mbenedikto wa Venice, alidai ameshiriki kuunda mashine inaitwa Chronovisor na kwamba amemwona Yesu msalabani, na picha ikatoka gazetini. Kumbe ile sura ni ya sanamu iliyoko kwenye patakatifu pa Collevalenza, hukohuko Italia, na postikadi zake zipo. Mashine yenyewe hakuna aliyeonyeshwa. Ndo hapo ulipokosea na wewe ndugu yangu, inayoona kila kitu hamna anayeiamini.

fundi_arua
Mi natengeneza redio kweli, siyo ya hadithini, kwa hiyo nisikilize. Kuna Mfaransa, Édouard-Léon Scott de Martinville, alikuwa na kimashine chenye unywele mgumu unaotetemeka ukisema, unakwaruza mistari kwenye karatasi iliyopakwa masizi ya taa. Kinachora sauti, basi, kuisikiliza haikuwezekana na wala hakuwa na mpango huo, alitaka watu waisome kwa macho. Karatasi moja ya Aprili 1860 ikakaa mpaka 2008, watu wa Marekani wakaipitisha kwenye kompyuta ikaimba, wimbo wa watoto wa Kifaransa. Na hapa ndo patamu, mara ya kwanza waliipiga kwa kasi isiyo yake wakasema huyu ni msichana, baadaye wakagundua kasi imezidi mara mbili, kuipunguza, kumbe mwanaume, labda Scott mwenyewe.

Sasa turudi Bombo. Sauti ya babu hewani ilishakuwa joto, imekwisha. Kinachofukulika ni alama, kwa hiyo lazima siku ile pawe na kitu pale barazani chenye ncha na kitu laini cha kukwaruzwa. Bibi alikuwa anafanya nini babu alipofika?

mjukuu_wa_bombo
Fundi umenikata pumzi. Alikuwa anashona. Haboba wetu, yaani huyo bibi, alikuwa na cherehani ya miguu hapohapo barazani, kila mtu Bombo alijua hashoni mshono ukapinda, alikuwa anafumua za mafundi wengine mbele yao bila aibu. Na kuna shuka moja kwa shangazi, nyeupe imeshakuwa ya manjano, imepindwa pembeni vizuri kabisa isipokuwa kipande kama cha kiganja, sindano imeyumbayumba halafu ikanyooka tena. Tulikuwa tunamcheka nayo. Hakuwahi kuifumua.

Zile kurasa 12 nafuta zote.

mama_kibanja
Ruhusa bado hujajibu.

mjukuu_wa_bombo
Sijajibu kwa sababu sina nyabo.

fundi_arua
Mfanye fundi wako akosee kasi kwanza. Wasikie neno lingine kabisa, waligombanie mwaka mzima.