Julian Bond HAKUCHOMA kadi ya jeshi! Acheni kumzushia marehemu

Wakuu, heshima kwenu. Nimejizuia tangu Jumapili lakini naona nitapasuka, bora niseme.

Jumapili usiku nilikuwa napiga pasi nguo za kazini, redio iko pembeni, kipindi cha historia ya watu weusi wa Marekani. Kituo sikitaji. Wakafika kwa Julian Bond, mtu niliyemsoma miaka na miaka, nikaongeza sauti kwa furaha. Mtangazaji akatamka bila hata kusita kwamba Bond alifukuzwa ubunge kule Georgia kwa kuchoma kadi ya jeshi, yaani ile kadi ya kuandikishwa jeshini ambayo vijana wa kupinga vita vya Vietnam walikuwa wakiichoma, halafu mahakama ikamsamehe. Pasi nikaiacha juu ya meza. Nikapiga simu, ikapokelewa, nikaanza kueleza, nikaambiwa muda wa kipindi umeisha. Wakaweka muziki.

Jamani, katika maneno yale hakuna hata kipande kimoja cha kweli. Hakuchoma kadi. Hakufukuzwa, maana hata kuapishwa walimkatalia. Na hakusamehewa na mtu yeyote, alishinda kesi.

Kwa wasiomjua: huyu kazaliwa Nashville, Tennessee, mwaka 1940. Baba yake, Horace Mann Bond, baadaye aliongoza Chuo cha Lincoln kule Pennsylvania, kilekile alichosoma Nkrumah. Kijana akaacha masomo Morehouse akajiunga na SNCC, vijana waliokuwa wakipigwa na kufungwa kwa kuandikisha wapiga kura weusi majimbo ya kusini. Yeye alishika upande wa habari. Juni 1965, baada ya mahakama kuilazimisha Georgia kuchora upya maeneo ya uchaguzi, akagombea eneo namba 136 mjini Atlanta. Akapata kura 2,320 dhidi ya 487. Ana miaka 25, na Baraza la Wawakilishi la Georgia halikuwa limekaliwa na mtu mweusi tangu 1907. Muwaelewe basi waliompigia kura.

Sasa twende kwenye hiyo kadi.

Januari 3, 1966, kijana mwenzao wa harakati, Samuel Younge, aliyekuwa amelitumikia jeshi la wanamaji la Marekani, alipigwa risasi akafa huko Tuskegee, Alabama, katika ugomvi wa choo cha wazungu kwenye kituo cha mafuta. Siku tatu baadaye SNCC wakatoa tamko la kupinga vita vya Vietnam, wakasema wanawaelewa vijana wasiotaka kwenda jeshini. Bond hakuliandika tamko hilo. Mwandishi wa redio alimpigia simu akamuuliza kama analiunga mkono, naye akajibu ndiyo, na akaeleza kwa nini. Kosa lake lote ndilo hilo, jibu la kwenye simu.

Wajumbe 75 wa Baraza la Georgia wakasaini kumpinga. Januari 10 wenzake wakala kiapo, yeye karani akakataa kumwapisha. Kiapo cha kulinda Katiba alikuwa tayari kabisa kukila. Wakamweka mbele ya kamati, wakamuuliza habari za kuchoma kadi. Akajibu kwamba hajawahi kumshawishi mtu achome, anachostahi ni ujasiri wa mtu anayesimamia imani yake huku akijua adhabu inamngoja, na kwamba kadi yake yeye anayo mfukoni, wakitaka ataitoa waione. Iko mfukoni, wakuu! Maneno hayo yamenukuliwa ndani ya hukumu yenyewe, kila mtu anaweza kuyasoma. Wakapiga kura, 184 kwa 12, asiingie.

Ndiyo maana nina hasira. Kumwita mchoma kadi ni kuwamalizia kazi wale 184. Wao walihitaji aonekane mhalifu, kwa sababu kumzuia mtu kwa maoni tu ni jambo la aibu. Leo marehemu hawezi kujitetea, na sisi tunarudia maneno yao kwa Kiswahili, watoto wetu wanasikiliza.

Tena mtangazaji hakuwataja kabisa wapiga kura. Februari uchaguzi ukarudiwa, wakamchagua tena. Akakataliwa tena. Novemba wakamchagua mara ya tatu. Mmoja wa wakazi wa eneo lile alikuwa Dkt. Martin Luther King, naye aliingia kwenye kesi kama mwananchi aliyenyimwa mwakilishi wake. Mahakama ya chini walishindwa, majaji wawili kwa mmoja. Desemba 5, 1966, Mahakama ya Juu ikaamua, majaji 9 kwa sifuri, hukumu ikaandikwa na Jaji Mkuu Earl Warren, kwamba Georgia ilivunja haki yake ya kusema. Januari 1967 akaapishwa. Watu wa 136 walikaa mwaka mzima bila sauti, na mtu anasema "akasamehewa"!

Alibaki bungeni miaka 20, kwanza barazani, kisha Seneti ya jimbo hadi 1987. Mwaka 1968 mkutano wa Democratic kule Chicago ulimtaja kwa umakamu wa rais, akajitoa kwa kuwa umri wa kikatiba ni 35 naye alikuwa na 28. Hilo watangazaji wanalipenda, linasimulika. Mimi ningetamani wasimulie ramani ya maeneo ya uchaguzi. Akiwa seneta alipigania eneo la 5 la Congress, bunge la taifa, lichorwe ili weusi wa Atlanta wasitawanywe. Mpango wake haukupita, na 1982 mahakama ya Washington ikaona ramani ya Georgia ina ubaguzi. Mwaka 1986 akagombea kiti hichohicho, akashindwa kwa tofauti ndogo na John Lewis, ndugu yake wa SNCC. Iliniuma nilipoisoma mara ya kwanza, na bado inaniuma.

Na atakayekuja kusema hizi ni hadithi za zamani, akumbuke Aprili 2023, mji uleule wa Nashville alikozaliwa Bond, wawakilishi wawili vijana weusi wa bunge la Tennessee, Justin Jones na Justin Pearson, walivuliwa viti kwa kuongoza maandamano ya kudai sheria za bunduki ndani ya ukumbi. Hao ndio walifukuzwa. Halmashauri za kwao zikawarudisha siku chache baadaye.

Kituo nimewaandikia barua, na nukuu ya hukumu nimeiambatisha. Nataka wasahihishe hewani, saa ileile waliyosema uongo. Mwenye namba ya mhariri wa kipindi anitumie faragha. Jumapili hii napiga tena.