Leseni ya ghala la dagaa kufutwa kwa barua bila kuitwa kujieleza: pa kuanzia ni wapi?

Dagaa_Kirumba
Wakuu, naomba mwongozo. Mwenye ghala hapa Kirumba anapokea barua ya mistari minne: leseni imefutwa "kwa kukiuka masharti", afunge ndani ya siku 7. Sharti gani, haikutajwa. Maafisa walipita siku moja wakakagua, wakaondoka. Ukaguzi ule ndio kusikilizwa? Na aende kwa Waziri au Mahakama Kuu hapa Mwanza?

Sheria_Ziwani
Hapana mkuu, ukaguzi si kusikilizwa. Afisa anayekagua anakusanya ushahidi. Kusikilizwa ni kuambiwa ushahidi huo unakutuhumu nini, kupewa muda wa kujibu, na majibu yako kupimwa na mtu ambaye si mlalamikaji. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba haisemi mahakama peke yake, inataja na "chombo kinginecho". Mahakama ya Rufani ilikwisha kusema katika kesi ya Mbeya-Rukwa Autoparts kwamba hii ni haki ya kikatiba. Tena uamuzi uliotolewa bila kusikiliza hubatilika hata kama wangemsikiliza wangefikia hapohapo.

Wiki hii hii aandike barua fupi, bila matusi wala vitisho. Adai mambo matatu: sharti lililokiukwa, nakala ya taarifa ya ukaguzi, na nafasi ya kujibu. Nakala mbili, moja igongwe muhuri wa mapokezi wenye tarehe. Barua hii ina uzito: anayetaka mahakama iilazimishe ofisi kutimiza wajibu lazima aonyeshe kwamba aliomba akakataliwa, kama ilivyoelezwa katika kesi ya Byombalirwa ya mwaka 1986, iliyotoka Kagera. Kuhusu kutotaja sababu, asome kesi ya Tanzania Air Services ya 1996.

Na asiendelee kupokea mzigo. Hilo litakuwa kosa jipya, na safari hii watakuwa na ushahidi. Kama kuna magunia ndani, aombe kwa maandishi kibali cha kuyatoa. Dagaa wakipata unyevu humo ndani hasara ni yake.

Mzee_wa_Masijala
Niongeze suala la muda, maana wengi huangukia hapo. Asome kwanza sheria iliyotoa leseni. Ikiwa na njia ya rufaa kwa Waziri au baraza, aitumie, kwa sababu mahakama huuliza kwa nini uliiruka. Ila kibali cha kufungua maombi ya mapitio (yaani Mahakama Kuu ipitie uhalali wa uamuzi wa ofisi) huombwa mahakamani humo ndani ya miezi 6 tangu uamuzi, kwa kanuni za 2014. Kuzunguka kwa mbunge na mkuu wa wilaya hakuzuii siku kuhesabika.

Maombi ya kibali yanakwenda na tamko (nani anaomba, nafuu gani, kwa sababu zipi) na kiapo cha kuthibitisha mambo yaliyotokea. Barua ya kufuta leseni iambatishwe. Bila hiyo mahakama itengue nini? Aombe pia utekelezaji usimame. Kibali kikitoka ana siku 14 za kufungua maombi yenyewe, na dhidi ya Serikali Mwanasheria Mkuu lazima awe mhusika.

Dagaa_Kirumba
Asanteni sana. Na kama leseni haikufutwa, bali wamekataa kuihuisha?

Sheria_Ziwani
Hapo nguvu inapungua, ila haiishi. Kesi ya Uingereza ya McInnes v Onslow-Fane (1978), iliyohusu leseni ya meneja wa mabondia, ilipanga ngazi tatu: kunyang'anywa ulichonacho, kunyimwa ulichokuwa na sababu ya kukitegemea, na kuomba kwa mara ya kwanza. Wa kwanza anastahili kusikilizwa kikamilifu, wa mwisho kidogo tu. Aliyehuisha miaka mfululizo bila dosari yuko katikati, kwa hiyo atunze leseni zote za nyuma na risiti za ada.

Ajue pia kwamba mahakama ikitengua haimpi leseni ya kudumu. Ofisi inaweza kuanza upya, safari hii kwa kumwita. Leseni ikikaribia kwisha kesi ikiwa bado inaendelea, aombe kuhuisha kwa wakati na kutunza ushahidi wa ombi hilo, la sivyo atashinda kesi ya leseni iliyokwisha muda.