Je, neno la mtoto wa miaka tisa latosha kumtia mtu hatiani kwa mauaji?

Mwalimu wa Iganga:
Ndugu zangu mnaofahamu sheria, naomba mwongozo. Mwanafunzi wangu wa darasa la tatu aliona jirani yao akiuawa alipokuwa na miaka sita. Leo ana tisa, na kesi itasikilizwa katika kikao kijacho cha Mahakama Kuu. Hapakuwa na shahidi mwingine. Tangu siku ile amehojiwa na bibi yake, na mwenyekiti wa LC (baraza la mtaa), na polisi mara mbili, kisha na jamaa wa marehemu, na kila nikimsikia akisimulia, maneno yanazidi kunyooka. Mwanzoni alisema aliona panga na mtu mwenye shati jekundu. Siku hizi anataja jina. Sina shaka kwamba aliona jambo, lakini silali nikiwaza hilo jina limetoka wapi.

Wakili, Jinja:
Mwalimu, shikamoo. Sheria yetu ya Uganda haimkatazi mtoto kutoa ushahidi. Tangu hukumu ya Kibageny iliyotolewa na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki mwaka 1959, aliye chini ya miaka 14 kwa kawaida huhesabiwa kuwa mtoto wa umri mdogo, na jaji humuuliza maswali kwanza ili ajue kama anaelewa maana ya kiapo. Asipoielewa, lakini akawa na akili ya kutosha na akajua wajibu wa kusema kweli, husikilizwa bila kuapa. Ila hapo mshtakiwa hawezi kutiwa hatiani mpaka pawepo ushahidi mwingine wa maana unaomgusa yeye mwenyewe. Kenya, katika makosa ya kujamiiana, mahakama yaweza kumwamini mtoto aliyetendewa peke yake, mradi iandike sababu zake. Hii yako ni ya mauaji, na adhabu ya juu kabisa ni kifo, kwa hiyo mtoto akisimama peke yake bila kiapo, kesi haina miguu.

Afisa ustawi, Mbale:
Hofu ya Mwalimu ina msingi. Mtoto akiulizwa swali lilelile mara ya pili, mara nyingi hudhani jibu la kwanza lilikuwa kosa, naye hubadilisha ili ampendeze mkubwa. Huko California, kesi ya shule ya chekechea ya McMartin ilianza mwaka 1983 ikamalizika 1990 bila mtu yeyote kutiwa hatiani, na mahojiano yaliyowalisha watoto majibu ndiyo yaliyoiharibu. Mtoto huambiwa tu, «Nieleze kilichotokea», kisha mkubwa ananyamaza. Anayemuuliza «Ni fulani, siyo?» amekwisha kumpa jina.

Mkalimani:
Naongeza jambo ambalo halitazamwi sana. Mtoto husema Kisoga au Kiswahili, na kumbukumbu za mahakama huandikwa kwa Kiingereza. Akisema «alimpiga», Kiingereza hunilazimisha kuchagua mwanamume au mwanamke, ilhali yeye hakuchagua. Akisema «saa mbili usiku», ni lazima iandikwe saa nane kwa hesabu ya Kizungu. Na niliwahi kusikia mtoto akisema «baba», akimaanisha mdogo wa baba yake. Wakili wa utetezi aliligeuza kuwa uongo, na mtoto akalia kizimbani mpaka shauri likaahirishwa. Jaji alikuja kuelewa baada ya mimi kuomba ruhusa ya kufafanua. Hayo hayakuwa makosa ya mtoto.

Mwalimu wa Iganga:
Nawashukuru sana. Nimekumbuka kwamba wiki ile ya msiba nilikuwa namfundisha darasa la kwanza, naye alichora daftarini mtu mwenye shati jekundu, kando yake panga. Tarehe niliiandika mimi mwenyewe. Daftari ninalo, na mchoro hauna jina lolote. Nilipeleke wapi, na je, nimkumbushe mtoto kwanza?

Wakili, Jinja:
Mpelekee afisa mpelelezi wa kesi, akupe stakabadhi, na uandikishe maelezo yako ukitaja siku uliyomsikia akisimulia mara ya kwanza, alisema nini, na siku uliyosikia jina likitajwa. Upande wa mashtaka una wajibu wa kuwaonyesha watetezi hata kisichoufaa upande wa mashtaka wenyewe. Mtoto usimwonyeshe mchoro, wala usimuulize lolote juu yake. Akija kwako na kusimulia kwa hiari yake, msikilize, usimsahihishe.