Méliès na ujanja wa kamera: tumempa sifa isiyo yake?

Mpenda Filamu: Wadau, kila mahali nasoma kwamba Georges Méliès, yule mtengenezaji filamu wa Ufaransa, ndiye mwanzilishi wa kusimamisha kamera ili kitu kigeuke kingine. Hapana. Mwaka 1895 kampuni ya Edison kule Marekani ilishatoa filamu ya Malkia Mary wa Scotland akikatwa kichwa. Kamera ilisimama, mwigizaji akaondoka, sanamu ikawekwa, shoka likashuka. Méliès kaanza 1896. Ile hadithi ya kamera kukwama barabarani Paris, basi la farasi likageuka gari la maiti, kaisimulia mwenyewe baadaye. Alikuwa na studio ya vioo pale Montreuil na kina mama wa kupaka rangi tu.

Fundi Mwanga: Kusimamisha kamera ni mwanzo tu. Tazama ile filamu ya Méliès ya 1901, kichwa chake kinajazwa upepo mpaka kinapasuka. Jamaa alikaa kwenye kitoroli, akavutwa kupanda mteremko kuelekea kamera, mwili umefichwa kwa kitambaa cheusi. Utepe uleule wa filamu ukapigwa picha mara mbili, picha moja juu ya nyingine. Edison alifanya hivyo wapi?

Binti Kariakoo: Ngojeni. "Kupaka rangi tu"? Picha moja ya milimita 35 ni kama stempu ya barua. Karakana ya Elisabeth Thuillier, iliyopaka rangi filamu za Méliès, ilikuwa na wanawake zaidi ya 200, kila mmoja na rangi yake, brashi mkononi, picha baada ya picha, na kila nakala inaanza upya. Hiyo "tu" uifute.

Mpenda Filamu: Dada, sijamtukana mtu. Nilimaanisha Méliès hakupaka mwenyewe.

Binti Kariakoo: Hukuandika hivyo. Rudia kusoma.

Mzee wa Sinema: Wanangu, heshima kwa hao kina mama, lakini mada ni kamera. Waliokagua filamu za Méliès wamekuta maungio pale kitu kinapogeuka kingine: alikata kwa mkasi, akaunga kwa gundi. Hiyo si bahati ya kamera kukwama.

Binti Kariakoo: Shikamoo mzee. Ule moshi wa mashetani kwenye filamu zake bila nyekundu na njano ni wingu la kijivu. Rangi nayo ni ujanja.

Fundi Mwanga: Hapo niko nawe. Na Wamarekani waliuza nakala za filamu yake ya safari ya mwezini ya 1902 bila kumlipa, mpaka kaka yake Gaston akafungua ofisi New York 1903.

Mpenda Filamu: Kuibiwa hakumfanyi mwanzilishi!

Binti Kariakoo: Ile "tu" bado naisubiri, kaka.