Kesi yetu imetupwa eti "imepitwa na matukio". Tumeshindwa?

Mama Leso:
Wadau, naomba ushauri, tena upesi. Mwezi wa tatu kaunti ilitupa notisi ya siku 7 tuhame sokoni, kila kibanda kikapigwa X nyekundu. Tukachanga, tukafungua kesi ya kikatiba Mahakama Kuu. Siku mbili kabla ya kusikizwa, kaunti ikaiondoa notisi kwa barua ya mistari minne. Juzi jaji kasema hakuna tena mgogoro wa kuamua, akatupilia mbali ombi letu, kila upande ujilipie gharama. Wenzangu wanashangilia. Mimi naiona ile X mlangoni kila asubuhi, na askari wa kaunti wanasema notisi nyingine yaja. Tumefungiwa mlango?

Msomi wa Sheria:
Pole mama. Hamjafungiwa. Jaji hakusema notisi ilikuwa halali. Hakufika huko kabisa. Ikija mpya, hilo ni jambo jipya. Kumbuka ushuru wa nyumba hapa Kenya, yale makato ya mshahara ya kujengea nyumba nafuu: Mahakama Kuu iliuharamisha Novemba 2023, sheria mpya ikatiwa saini Machi 2024, na Julai 2024 Mahakama ya Rufaa ikasema rufaa juu ya ule wa zamani imepitwa na wakati. Walioipinga sheria mpya walifungua kesi upya. Nyinyi mlidai fidia?

Mama Leso:
Hapana. Tuliomba notisi ifutwe, basi. Na mimi nilihamisha marobota mawili ya mitumba kwa mkokoteni, yakanyeshewa njiani.

Msomi wa Sheria:
Hapo ndipo mlipoacha pengo. Kifungu cha 23(3) cha Katiba kinaruhusu fidia. Notisi ikiondolewa, hasara haiondoki nayo, na jaji anabaki na kitu cha kuamua.

Kijana wa Kongowea:
Mimi ningekata rufaa. Kuondoa notisi kesi ikikaribia, kisha kuirudisha, ni kuichezea mahakama. Marekani mwaka 1973, katika kesi ya utoaji mimba ya Roe v. Wade, majaji walikataa kusema kesi imeisha kwa sababu mimba imeisha: jambo laweza kujirudia na kila mara likakwepa hukumu. Majaji wetu hawafungwi na hilo, lakini hoja ina uzito.

Msomi wa Sheria:
Ina uzito, ila mzigo wa kuonyesha litajirudia ni wenu, na maneno ya askari hayatoshi. Notisi ya rufaa, yaani ile ya kusema mnakusudia kukata rufaa, ni ndani ya siku 14 tangu uamuzi. Zimebaki ngapi?

Mama Leso:
Kumi na moja. Risiti ya mkokoteni ninayo, na X nimeipiga picha sasa hivi. Kesho asubuhi niko kwa wakili.